Kabla Dau Halijaondoka Masoko

Nilipoanza kuongoza wageni Kilwa Kisiwani, kisiwa chenye magofu ya mji wa kale kusini mwa pwani ya Tanzania, nilikariri tarehe tu: Ibn Battuta, msafiri wa Morocco, alifika 1331, UNESCO ikayaweka magofu yetu na ya kisiwa jirani cha Songo Mnara kwenye urithi wa dunia 1981. Nikadhani hiyo ndiyo kazi yenyewe.

Kazi nilifundishwa na bibi mmoja. Alikuwa barazani kwake anasuka ukili, mgeni wangu akampiga picha tatu, hodi hakupiga. Bibi akaniita pembeni. "Mjukuu wangu, hawa wanakuja kutazama mawe, na mimi wananifanya jiwe." Nilimwomba radhi, lakini usiku ule sikulala vizuri.

Tangu hapo, kabla dau halijaondoka Kilwa Masoko, mji wa bara tunakopandia, nakaa na wageni kama dakika kumi. Nawafundisha "shikamoo" na "hodi". Nawaambia kule wanakokwenda watu wanaishi, wanapika, wanaanua nguo. Mabega na magoti yafunikwe, na picha ya mtu huombwa. Kijana unayeanza kazi hii, usiogope kuwaudhi. Sijaona mgeni aliyekasirika kwa kuelezwa mapema. Wanaoumia ni wale wanaokosea mbele za watu bila kujua wamekosa nini.

Waeleze pia habari ya vigae. Maji yakipwa, ufukweni utaona vipande vya vyungu vya kale, vingine vya kauri ya kijani iliyotoka China. Mgeni mmoja alitia kimoja mfukoni. Nilimrudisha mpaka pale pale alipokiokota, akakilaza mchangani kwa mkono wake. Watoto walikuwa wanatazama. Ningenyamaza, kesho yake wangekuja na kopo zima la kuuza.

Lakini adabu peke yake haijazi chungu. Kiingilio cha magofu hulipwa Masoko, ng'ambo. Mwenyeji wa kisiwani risiti haioni, anaona nyayo tu zikipita mlangoni kwake. Ndiyo maana chakula cha mchana siku hizi sibebi kutoka mjini. Naagiza kisiwani kwenyewe, wali wa nazi na samaki, na mpishi analipwa siku ile ile. Na kijiji kikipata chochote kutokana na wageni, kisomwe mkutanoni kwa sauti, shilingi kwa shilingi, hata kama ni kidogo. Kidogo kilichosomwa hakizushi maneno kama kikubwa kilichofichwa.

Bibi yule sasa anauza mikeka na makawa pale pale barazani. Bei anataja yeye, mimi natafsiri tu.