Maswali na Majibu: Mkojo Mweusi, Maziwa na Vidonge vya TB

Metaboliti ni nini, na zinahusianaje na vinasaba? (Mwanafunzi, Morogoro)

Ni molekuli ndogondogo zinazotokea mwili ukivunja chakula au ukijijenga: sukari, asidi za amino, yurea. Kazi hiyo hufanywa na vimeng'enya, yaani protini zinazoharakisha shughuli za mwili, na kila kimeng'enya kina jeni yake. Jeni ikiharibika, kimeng'enya hulegea na metaboliti iliyopaswa kuvunjwa hurundikana. Kwa hiyo kasoro ya jeni inaweza kugunduliwa kwa kupima damu au mkojo tu.

Eti kuna watoto wanaokojoa mkojo mweusi? (Mama, Tanga)

Wapo, ingawa wachache sana. Ugonjwa huo ni alkaptonuria. Mkojo hutoka na rangi ya kawaida, ukikaa hewani unakuwa kahawia, kisha mweusi. Mara nyingi mzazi hushtushwa na madoa ya nepi. Kinachobadilika rangi ni asidi ya homojentisiki, metaboliti inayorundikana kwa wagonjwa hao. Daktari Mwingereza Archibald Garrod aligundua kwamba wengi wa wazazi wa watoto hao walikuwa binamu waliooana, na mwaka 1902 akaonyesha kuwa ugonjwa unarithiwa kwa kanuni za Mendel, yaani sheria za jinsi sifa zinavyopita kutoka kwa wazazi kwenda kwa watoto. Jeni yenyewe ilipatikana 1996! Yaani mkojo uliitangulia maabara ya DNA kwa zaidi ya miaka 90. Utotoni hausumbui sana. Maumivu ya mgongo na magoti huja ukubwani.

Lakini mkojo wa mwanao ukiwa mweusi pale pale unapotoka, usifikirie alkaptonuria. Muwahishe hospitali, huenda ni malaria kali.

Maziwa yananiharisha, mume wangu Mmasai anayanywa kama maji. Ni mazoea? (Arusha)

Mazoea yana sehemu yake, ila kubwa ni jeni. Mwaka 2007 Sarah Tishkoff, mtaalamu wa vinasaba kutoka Marekani, na wenzake walichapisha utafiti wa watu 470 wa Tanzania, Kenya na Sudan. Walinyweshwa laktosi, yaani sukari ya maziwa, kisha wakapimwa glukosi kwenye damu kila baada ya dakika chache. Glukosi ikipanda, ina maana laktosi imevunjwa. Walipolinganisha na DNA, wakakuta badiliko la DNA linalomwezesha mtu mzima kuvunja laktosi, tofauti na lile la Wazungu: wafugaji wa huku walipata lao wenyewe. Wewe jaribu mtindi. Bakteria wameshakula sehemu ya laktosi.

Kwa nini nimepewa vitamini B6 pamoja na dawa za TB? (Mwanza)

Isoniazidi, moja ya dawa za TB, huvuruga kazi ya vitamini hiyo, na mishipa ya fahamu ikiikosa miguu hufa ganzi. Wenye aina ya polepole ya NAT2, jeni ya kimeng'enya kinachovunja dawa hiyo, huchelewa kuivunja, hivyo wako hatarini zaidi. Usiache dozi; ganzi ikianza, mwambie daktari.

Kipi bora, kupima DNA au metaboliti? (Nairobi)

Inategemea unatafuta nini. DNA uliyozaliwa nayo utazeeka nayo. Metaboliti hubadilika hata kwa chapati ya asubuhi, ndiyo maana vipimo vingine unaambiwa uende bila kula.