Kuhamisha kura kutoka Arua hadi Jinja

Dada, umesema kitambulisho chako cha taifa cha Uganda ulikichukulia Arua, sasa unaishi Jinja na unataka kuchagua viongozi wa hapo. Kitambulisho peke yake hakitoshi. Jina lako bado limo kwenye daftari la wapiga kura la Arua, na siku ya kura litatafutwa Jinja lisionekane.

Tume ya Uchaguzi ikitangaza zoezi la kuboresha daftari, nenda kwenye kituo cha parishi (eneo la vijiji kadhaa) unayoishi uombe kuhamishwa. Sheria inakuruhusu kujiandikisha kwenye asili yako au unakoishi, lakini mahali pamoja tu. Usingoje mabango ya wagombea yajae mitaani, maana hapo zoezi huwa limeshafungwa zamani. Daftari likibandikwa, lisome kwa macho yako: herufi za jina, kijiji, kituo. Ukikuta jina la marehemu, sema papo hapo.

Uchaguzi wa LC1, yaani baraza la kijiji, ni habari nyingine kabisa. Kijiji kina daftari lake la wakazi, na hakuna karatasi wala sanduku: mnapanga mstari nyuma ya mgombea, mnahesabiwa kweupe. Ndivyo ilivyokuwa Julai 2018. Ndiyo, mwenye nyumba wako ataona umesimama nyuma ya nani, na mimi utaratibu huo siupendi hata kidogo. Basi jitambulishe kwa mwenyekiti mapema, kwa sababu mgeni asiyejulikana ni rahisi kutolewa mstarini.

LC3 (baraza la kata ndogo) na LC5 (baraza la wilaya) ni kura ya siri. Nenda na kitambulisho, na uwe mstarini kabla ya saa kumi jioni.