Jiko la Wasomaji: Biskuti za oti bila sukari nyeupe

Shikamooni. Nilitoa sukari yote kwenye biskuti zangu za oti nikaweka tende. Zimetoka madonge, hazikutandaa hata kidogo, na katikati ni kama ugali. Nimekosea wapi? – Mama wa watatu, Tanga

Marahaba. Sukari nyeupe haifanyi kazi ya utamu tu. Ikipata joto huyeyuka, kinyunga kinalegea na kutandaa. Biskuti ikipoa, sukari ile ile inakauka na kuipa ukavu. Tende hazifanyi hivyo. Zina nyuzi zinazokamata maji, kwa hiyo donge ulilotia tanurini ndilo donge utakalolitoa. Kutandaza ni kazi ya mkono wako.

Vipimo vinavyokubali ni hivi (kikombe ni cha ml 250): oti vikombe 2, sawa na gramu 180, unga wa ngano kikombe 1 kisichoshindiliwa, gramu 120 hivi, tende gramu 200 zilizokwisha kutolewa kokwa, maji ya moto ml 80, siagi gramu 100, yai 1, beking soda nusu kijiko cha chai, chumvi robo kijiko, mdalasini kijiko kimoja cha chai, na hiliki ukipenda. Chumvi usiiache. Bila sukari ya kutosha kuficha, oti hubaki na ladha ya karatasi.

Loweka tende kwenye hayo maji ya moto kwa dakika 15, kisha ziponde pamoja na maji yake hadi ziwe laini kabisa. Zile zilizoshindiliwa kwenye pakiti huwa na kokwa zilizojificha, zipekue moja moja. Piga siagi na rojo la tende, tia yai, halafu changanya vitu vikavu. Sasa acha kinyunga kitulie nusu saa. Hapa ndipo wengi wanapoharakisha: oti zinahitaji muda wa kunywa maji, la sivyo yanabaki huru na kukupa huo ugali wa katikati.

Chota kijiko kikubwa kikubwa, viringa, kisha bana kwa uma uliochovywa maji hadi unene wa sentimita 1, usizidi. Nyuzi 175, dakika 13 hadi 15. Utapata kama 24. Zitoe kingo zikiwa kahawia huku katikati bado pamelegea, uziache kwenye sinia dakika 10 kabla ya kuzigusa. Angalia upande wa chini kwanza. Tende huungua chini wakati juu bado kweupe.

Na siagi iwe siagi kweli, au ile ya kuokea. Ya kupaka mkate yenye mafuta kidogo ina maji mengi, nayo hufanya biskuti ziwe ngumu na za kuvutika.

Naweza kutumia ndizi badala ya tende? – Msomaji, Morogoro

Unaweza, lakini tarajia keki ndogo, si biskuti. Ondoa tende na maji, weka robo tatu kikombe ya ndizi kisukari zilizopondwa, zenye madoa meusi. Mzuzu hapana, hata ukiiva. Wanga wake ni mwingi na biskuti zitakuwa nzito.

Watoto wangu wanataka zile kavu zinazovunjika kwa mlio. Asali au sukari nguru? – Baba jikoni, Mombasa

Nguru, bila kusita. Sehemu yake kubwa ni sukari ile ile ya miwa, ila haijasafishwa, kwa hiyo inatandaa na kukauka. Kwaruza gramu 120, iyeyushe pamoja na siagi kwa moto mdogo, upitishe kwenye chujio, maana mara nyingi hubaki na vijiti vya muwa na mchanga. Ipoe kabla hujatia yai, usije ukapata yai la kuchemka. Tende na maji yake yaondoke, yaje maziwa vijiko vikubwa 2, na oti zipungue ziwe kikombe kimoja na nusu. Bana nyembamba zaidi.

Asali huvuta unyevu wa hewa, na kwa hewa ya Mombasa biskuti zitalegea kabla ya jioni. Ukiipenda kwa harufu yake, weka theluthi moja ya kikombe, acha maziwa, na shusha moto hadi nyuzi 160, kwani hubadilika rangi mapema. Biskuti za asali asipewe mtoto aliye chini ya mwaka mmoja: mbegu za bakteria zinazoweza kuwamo kwenye asali haziuawi na joto la kuoka.

Baba yangu ana sukari. Hizi za tende ni salama kwake kwa kuwa hazina sukari? – Binti, Dodoma

Sukari imo. Zaidi ya nusu ya uzito wa tende ni sukari, na kwa vipimo vya hapo juu kila biskuti ina karibu kijiko kimoja cha chai. Ukijumlisha wanga wa oti na unga, unafika kama gramu 13 za wanga na sukari kwa biskuti moja. Asali na nguru nazo hupandisha sukari ya damu. Kinachoponza ni lile jina la "bila sukari", mtu anakula sita. Mpe moja, baada ya chakula, na hesabu hiyo muipeleke kwa anayemtibu.

Sina oveni, nina jiko la mkaa. – Kijana wa kupanga, Temeke

Tafuta sufuria nzito, mimina vikombe 2 vya mchanga mkavu uliochekechwa, weka vijiwe vitatu, funika, pasha dakika 15. Pima moto hivi: nyunyiza unga kidogo kwenye kisahani cha bati, kiweke ndani dakika 5. Ukiwa kahawia hafifu, endelea. Ukiwa mweusi, punguza makaa. Panga biskuti kwenye sahani mbili za bati zilizopandana, ili chini pasiungue, na palia makaa mengi juu ya mfuniko kuliko yaliyo chini. Dakika 15 hadi 18, na kumi za mwanzo usifunue. Jiko likae nje, si ndani ya chumba.

Zinakaa muda gani? – Msomaji, Kisumu

Za ndizi siku 2, kisha friji. Za tende siku 4 kwenye chombo cha kufunga. Za nguru wiki nzima, mradi zimepoa kabisa kabla ya kufungwa. Mvuke uliobaki ndio unaoleta ukungu. Zikilegea, zirudishe tanurini kwa nyuzi 150, dakika 5.