Stroberi ni maji: niliyojifunza jikoni, kwa ajili yako unayeanza kuoka

Keki yangu ya kwanza ya stroberi ilitoka kwenye oveni ikiwa nzuri ya kutazama. Ilikuwa imeumuka, juu ina rangi ya dhahabu, na harufu yake imejaa nyumba nzima. Nilipoikata, kisu kilizama katikati kama kwenye uji. Pembeni ilikuwa imeiva, katikati mbichi, na chini kabisa kulikuwa na tabaka la rojorojo la waridi. Niliirudisha motoni dakika 20. Pembeni ikakauka hadi ikawa ngumu, katikati ikabaki karibu vilevile. Nikadhani nimekosea muda, nikaoka ya pili na kuiacha zaidi, matokeo yakawa yaleyale. Zilipita keki kadhaa kabla sijatambua kwamba tatizo halikuwa kwenye saa. Nilikuwa sijapiga hesabu ya maji.

Kama ndiyo unaanza na umechagua stroberi, naomba uanze na hesabu hiyo kabla hujagusa unga. Stroberi mbichi ni maji kwa kiasi cha asilimia 91. Ukiweka gramu 300 za tunda kwenye keki, umeweka karibu gramu 270 za maji. Keki ndogo ya nyumbani hutiwa maziwa mililita 100 hivi, na hayo unayapima kwa uangalifu mkubwa, huku tunda likileta zaidi ya mara mbili na nusu ya kiasi hicho bila wewe kuliuliza. Maji hayo yamefungwa ndani ya nyama ya tunda. Kuloweka, kukata, kutia sukari, kupasha moto, yote hayo huyafungulia mlango. Kwa hiyo karibu kila ninachokueleza hapa kinahusu mlango huo: ufunguke lini, na maji yakitoka yaende wapi.

Tuanze na tunda lenyewe. Stroberi haiendelei kuiva ikishachumwa. Si kama ndizi, ambayo unaweza kuiacha mezani siku mbili tatu ikaongeza utamu. Stroberi ikikaa, wekundu wake unaweza kukolea, lakini utamu hauongezeki. Tazama mabega yake, pale karibu na kikonyo: yakiwa meupe au ya kijani, ilichumwa mapema. Kisha inuse. Isiyonukia ikiwa mbichi haitakuja kunukia ikiokwa. Geuza na kifungashio utazame chini, kwa sababu palipolowa wekundu pana tunda lililopondeka, na ukungu huanzia hapo.

Ukubwa usikushawishi. Matunda haya makubwa tunayoyajua leo ni uzao wa mimea miwili ya Amerika, mmoja wa kaskazini na mwingine wa Chile, iliyokutana katika bustani za Ufaransa katika karne ya 18, baada ya Mfaransa aitwaye Amédée-François Frézier kurudi na miche ya Chile mwaka 1714. Ule wa Chile ndio ulioleta ukubwa. Napenda kuikumbuka safari hiyo kila ninapokata tunda moja likajaza kiganja, lakini kwa kuoka nachagua la wastani. Ukilipasua nusu linalala vizuri juu ya keki, wala halimwagi dimbwi lake lote mahali pamoja.

Usioshe mpaka uwe tayari kuoka. Stroberi haina ganda la kuikinga, na unyevu wowote unaobaki juu yake unaharakisha ukungu. Wakati ukifika, ioshe ikiwa bado na majani yake, upesi, chini ya maji yanayotiririka, bila kuiloweka. Ukitoa majani kwanza umeacha tundu la kuingizia maji, na hayo si maji uliyoyahesabu. Kisha zipange juu ya kitambaa safi, uzikaushe moja moja. Niliiruka hatua hii kwa muda mrefu nikiiona ni ya watu wenye nafasi nyingi. Sasa siiruki hata nikiwa na haraka, kwa sababu nimeona tofauti yake chini ya keki. Zikikauka ndipo utoe vikonyo kwa ncha ya kisu kidogo, ukikizungusha. Usikate kichwa kizima, unatupa nyama nzuri.

Kitindamlo ninachokushauri uanze nacho ni keki ya bakuli moja, stroberi zikiwa juu. Chombo kiwe cha duara, cha sentimita 23, kimepakwa siagi na kutandikwa karatasi ya kuokea. Vipimo vyangu ni hivi: unga wa ngano gramu 200, beking pauda vijiko 2 vya chai, chumvi robo kijiko cha chai, siagi gramu 120, sukari gramu 150, mayai 2, maziwa mililita 100, vanila kijiko 1 cha chai, na stroberi gramu 500. Katika hizo 500, ni 300 tu zinazoingia motoni. Nyingine 200 zinabaki mbichi, na sababu yake utaiona. Pima kwa mizani. Kikombe cha unga kinaweza kuzidi gramu 20 au 30 kwa sababu tu ulichota ukakandamiza, na hutajua kilichoifanya keki kuwa kavu.

Siagi iwe laini kiasi kwamba ukiibonyeza kidole kinaacha alama, ila isiwe imeyeyuka. Ipige pamoja na sukari kwa dakika 4 au 5, mpaka ipauke na kuwa nyepesi. Hapa ndipo wanaoanza wengi wanakosa subira, na hapa ndipo keki inapojengwa. Chembe za sukari zinachimba vishimo vidogo vya hewa ndani ya siagi. Beking pauda haiongezi vishimo vipya. Gesi yake inaingia kwenye vile ulivyokwisha kuvichimba na kuvitanua. Ukipiga nusu dakika kisha ukaongeza beking pauda ukitumaini itakuokoa, unapata keki nzito yenye ladha chungu kidogo. Mayai yatoe kwenye friji mapema, saa moja kabla, kwa sababu yai la baridi linaigandisha siagi na mchanganyiko unakatika. Tia yai moja, piga, kisha la pili, pamoja na vanila.

Unga ukiingia, mkono uwe mwepesi. Uchekeche pamoja na beking pauda na chumvi, utie nusu, kisha maziwa, kisha nusu iliyobaki, na uache kukoroga mara tu usipoona tena unga mkavu. Kukoroga sana kunakaza gluteni, yaani nyuzi za protini za unga, na keki inatafunika kama mkate. Utakachopata ni mchanganyiko mzito, unaodondoka kutoka kwenye mwiko kwa mabonge. Usiogope uzito huo ukaongeza maziwa. Ndio unaolibeba tunda, na maji mengine yako njiani.

Wapo watakaokuambia uzipake stroberi unga ili zisizame. Nimejaribu, na sishauri. Unga ule unalowa juisi na kugeuka gundi kuzunguka kila kipande. Mchanganyiko ukiwa mzito na tunda likiwekwa juu, litazama kidogo tu keki inapoumuka na kulizunguka, na huo ndio uzuri wake.

Zile gramu 300 zipasue nusu, uzipange juu huku upande uliokatwa ukitazama juu. Wengi wanazilaza kifudifudi kwa sababu mgongo mwekundu unapendeza. Mimi nachagua mvuke utoke hewani kuliko juisi inyonywe na unga. Acha nafasi ya unene wa kidole kati ya kipande na kipande, na katikati ya keki weka vichache kuliko pembeni. Katikati ndipo joto linapofika mwisho. Keki yangu ya kwanza ilikuwa na rundo hapo, kwa sababu nilitaka ipendeze. Sukari ya kunyunyiza juu, kijiko kimoja cha chakula, isubiri hadi oveni iwe tayari kabisa. Ukiinyunyiza kisha ukaenda kuosha vyombo, utarudi ukute vidimbwi, maana sukari huvuta maji kutoka kwenye tunda ndani ya dakika chache tu.

Oveni iwe nyuzi 180 za Selsiasi, au 160 kama ina feni. Nunua kipimajoto kidogo cha kuweka ndani. Oveni nyingi za nyumbani hazisemi kweli, na tofauti ya nyuzi 20 ni kitu cha kawaida. Oka dakika 45 hadi 55, chombo kikiwa kwenye rafu ya katikati, na usifungue mlango kabla ya dakika 35. Ikianza kuwa nyeusi juu kabla ya kuiva, ifunike kwa karatasi ya alumini bila kuibana.

Kupima kama imeiva kunahitaji jicho. Kijiti ukikichomeka kwenye stroberi kitatoka kimelowa hata kama keki imeungua, kwa hiyo kichomeke kwenye unga, kati ya matunda mawili, karibu na katikati. Kitoke na chembe kavu, bila uji. Tikisa na chombo kidogo pia: katikati ikicheza huku pembeni pametulia, rudisha. Ikishaiva iache ndani ya chombo chake dakika 15 hadi 20, kisha itoe uiweke juu ya waya. Ikipoa kabisa ndani ya chombo, mvuke wake unakosa pa kutokea na kurudi chini kama jasho, na kazi yote ya kukausha matunda inapotea.

Siku moja utaona duara la rangi ya zambarau au kijivu kuzunguka matunda, na utadhani yameoza. Hayajaoza. Wekundu wa stroberi unatokana na rangi ziitwazo anthosianini, ambazo penye asidi hubaki nyekundu na penye magadi hugeukia buluu. Mara nyingi maana yake ni kwamba ulitia magadi soda, au beking pauda ilizidi. Unaweza kula bila wasiwasi. Safari ijayo punguza, upime kijiko kwa kukisawazisha kwa kisu.

Sasa zile gramu 200 ulizoziweka kando. Harufu ya stroberi mbichi ni nyepesi sana na inaruka na joto. Iliyookwa inakuwa na ladha nzito inayokaribia jamu, nayo ni tamu, lakini si ile iliyokufanya uinunue. Nilioka miaka kadhaa nikishangaa kwa nini keki yenye stroberi nyingi haina ladha ya stroberi. Nikawa naongeza matunda, yaani naongeza maji, na katikati ikarudi kuwa uji. Jibu lilikuwa kupunguza zinazoingia motoni na kubakiza nyingine mbichi za kuweka juu.

Zikate vipande vyembamba dakika 20 au 30 kabla ya kula, tia kijiko kimoja cha chakula cha sukari na kijiko kimoja cha chai cha maji ya limau, changanya taratibu, ziache. Sukari itavuta juisi, na safari hii ndicho unachokitaka. Utapata vipande laini vinavyong'aa ndani ya sharubati nyekundu, na limau litaushikilia wekundu huo. Vimwagie juu ya kipande kilichokwisha kukatwa, muda ule wa kukila, wala si juu ya keki nzima. Sharubati ikibaki, ichemshe kwenye sufuria ndogo mpaka ishike mgongo wa kijiko. Ukipenda krimu, iwe baridi sana kabla ya kuipiga, pamoja na bakuli lake, na uache inaposimama laini. Ukiendelea utapata siagi.

Keki hii ni ya siku hiyohiyo. Ikibaki, funika, weka kwenye friji, uimalize ndani ya siku mbili, na kila kipande ukipashe ovenini dakika chache kirudishe ukoko wake. Stroberi za kugandishwa usizitumie kwa kazi hii. Barafu imekwisha kuzipasua kutoka ndani, na zikiyeyuka zinamwaga maji yote kwa mara moja. Zifanye sharubati, hapo ni nzuri sana.

Ukioka mara ya pili, badilisha kitu kimoja tu, ama kiasi cha tunda, ama muda, ama oveni. Ukibadilisha vitatu kwa pamoja na keki ikatoka vizuri, hutajua ushukuru kipi. Daftari langu lina mstari mmoja kwa kila keki: gramu za tunda zilizoingia, dakika ilizokaa, na katikati ilikuwaje. Hilo la katikati ndilo ninalolisoma kwanza.