Nilinasa mlio msituni, nikaambiwa ni panya

SWALI: Asubuhi moja kwenye msitu wa ukungu wa milima ya Talamanca, Kosta Rika, nilirekodi kwa simu mlio mwembamba kama wa nyenje. Mwongozaji wetu akasema ni panya anaimba. Nikiusikiliza sasa ni hafifu mno. Nitajuaje kama ni panya kweli, na simu ilishindwa wapi?

JIBU: Mwongozaji hakukutania. Milima hiyo ina panya waimbaji wa jenasi Scotinomys, vipanya vya gramu kumi na kitu, wanaokula wadudu na kuhangaika mchana tofauti na panya wengi.

Tuanze na simu. Kila noti ya wimbo wao huanzia juu, karibu kilohezi 40 (mitetemo 40,000 kwa sekunde), ikaporomoka hadi karibu 10. Sikio la binadamu hukomea 20, kwa hiyo ulichosikia ni mikia ya noti tu. Simu huchukua sampuli, yaani vipimo vya sauti, 44,100 au 48,000 kwa sekunde, na hakuna kinasa sauti kinachopata masafa (idadi ya mitetemo kwa sekunde) yanayozidi nusu ya sampuli zake. Isitoshe, simu ina kichujio cha kelele, ambacho huuona mlio wa namna hii kuwa takataka. Wimbo mzima unataka kinasa sauti cha watafiti wa popo, chenye sampuli zaidi ya 100,000 kwa sekunde.

Hata hivyo usiifute rekodi, maana mwendo wa wimbo umebaki. Nyenje hukariri mlio uleule kwa kasi ileile. Panya huanza na noti fupi, hafifu, za mbiombio. Kisha zinarefuka, zinapata nguvu na kuachana, hadi anyamaze baada ya sekunde chache. Ifungue kwenye programu inayochora spektrogramu, picha ya masafa ya sauti kadiri muda unavyokwenda: utaona vistari vinavyoinamia chini, nafasi kati yake ikipanuka.

Kuhusu spishi, mwinuko ndio utakaotusaidia. Juu kwenye baridi hukaa S. xerampelinus (S. ni kifupi cha Scotinomys), mkubwa kidogo. Chini yake S. teguina. Mwaka 2013 mtafiti Bret Pasch na wenzake walionyesha kwamba teguina akisikia wimbo wa jirani yake wa juu hukatiza wake na kukaa mbali. Huyo wa juu naye hashuki kumfuata, hapatani na joto. Mipaka ya ardhi inalindwa kwa sauti!

Nitumie mwinuko mliokuwa, na faili lenyewe kama lilivyo kwenye simu, si lililopitia WhatsApp.