Nilisema tembe linavuja

Mhariri, swali lenu la wiki hii, "Je, shairi bado lina nafasi katika mapenzi?", limenikuta na hasira zangu. Juzi mwanangu wa mwisho alinionesha ujumbe aliotumiwa na mwenzake wa chuo hapa Dodoma: beti tatu za mahaba, mshororo mmoja mizani (yaani silabi) 12, mwingine 19. Nimefundisha Kiswahili miaka 28. Nikamwambia asiyeweza kuhesabu nane kwa nane, mizani nane kila nusu ya mshororo, asisumbue watoto wa watu.

Nilitaka kuishia hapo, ila nimekumbuka barua ya mama mkubwa.

Mwaka 1987, nikiwa kidato cha pili, mimi ndiye niliyekuwa nikiwaandikia barua majirani wote pale kwetu Mpwapwa, kwenye nyumba za tembe, zile za paa bapa la udongo. Baba mkubwa alikuwa anakata mkonge Kimamba, mkoani Morogoro. Jioni moja ya Januari mama mkubwa akakaa mlangoni, mimi nikaweka daftari gotini, akaniambia niandike: yule ng'ombe mwekundu kazaa jike. Uwele umeota. Tembe linavuja pale unapolala wewe, nimeweka sufuria. Basi.

"Hakuna lingine, mama?"

"Kwani hayo madogo?"

Wiki ile tulikuwa tumefundishwa kina cha kati na kina cha mwisho. Nikaona aibu kumpelekea mwanamume mzima habari za sufuria. Nikaandika ya kwangu, beti nne, zikianza hivi:

Naandika kwa huruma, moyo wangu unalia,
Usiku silali vema, mawazo yanizidia.

Yeye nikamsomea yale aliyoyasema, kisha nikafunga bahasha yenye ya kwangu.

Barua ikaenda na mtu wa treni, kupitia Gulwe. Siku ya tisa, usiku, baba mkubwa akaingia. Alikuwa ametembea kutoka stesheni, tope hadi magotini, na kwenye mfuko wake mlikuwa na shuka jipya jeupe. Wa rika langu mmeshaelewa. Kwa barua za wakati ule, mtu akikuandikia kwamba analia na halali usiku, ujue kuna msiba, anatafuta tu namna ya kukwambia. Alimtazama mkewe, mzima, anapepeta uwele. Akakaa chini pale pale kwenye tope la mlangoni, akashika kichwa.

Nikaitwa niisome. Tangu siku ile nimesimama mbele ya madarasa mengi, sijawahi kusoma kwa sauti ndogo namna ile. Nilipomaliza, mama mkubwa hata hakunikaripia. Alimgeukia mumewe tu: "Mimi nilisema tembe linavuja."

Baba mkubwa akaenda ndani, akaitazama sufuria muda mrefu. Asubuhi alikuwa juu ya tembe anakandika udongo. Shuka lile mama mkubwa alilitandika upande ule ule uliokuwa unavuja.

Najua nimetoka nje ya swali. Ninyi mmeuliza kama shairi lina nafasi, mimi nimejibu habari ya kumwandikia mtu mapenzi yasiyo yake. Lakini nilikaa hapa niandike kwamba penzi lisilo na vina lisitumwe, na sasa naona mkono mzito. Huyo wa mizani 19 na atume, mradi kayatoa kichwani mwake. (Vina ajifunze hata hivyo, hilo silifuti.) Na tusisahau kwamba aliyemtoa baba mkubwa Kimamba si ng'ombe wala sufuria, ni vina vyangu vya kidato cha pili, ingawa vilimtoa kwa kumtia hofu.

Usiku huu nimeihesabu ile sentensi ya mama mkubwa. "Tembe linavuja pale," nane kamili. "Unapolala wewe," saba. Jumla 15, imepungua moja. Ningeandika "unapolalapo wewe" ingetimia. Nimeiacha.

Mwalimu mstaafu, Dodoma