Uyoga unapungua kila awamu: angalia mbegu kabla ya kuongeza mifuko

SWALI: Shikamoo mtaalamu. Nalima uyoga mamama hapa Kibosho, Moshi. Mifuko 100 ya kwanza, ya kilo mbili mbili, ilinipa karibu kilo 60. Awamu ya pili nikapata 40, ya tatu hata 20 sikufikisha, na mifuko mingi imeshika ukungu wa kijani. Mbegu nilinunua mara ya kwanza tu. Baadaye nimekuwa nikimega mifuko iliyozaa vizuri na kupandia mipya. Nataka niongeze hadi mifuko 400 nifidie hasara. Nimekosea wapi?

JIBU: Marahaba, dada. Umekosea pale pale ulipodhani umeokoa pesa.

Mbegu ya kununua ni nafaka, aghalabu mtama au ngano, iliyochemshwa kwa mvuke wa presha hadi hakuna kilicho hai ndani yake, kisha ikapandikizwa utando wa uyoga, yaani nyuzi nyeupe ambazo uyoga huota kutoka kwazo, mahali safi. Mfuko uliokwisha kuzaa nao una utando, hilo kweli. Lakini utando huo umechoka, na mfuko umekaa bandani wiki kadhaa ukipokea vumbi, inzi wadogo na vumbi la ukungu. Ukiumega, unapanda uyoga na adui wake kwa mkono mmoja. Ukungu huo wa kijani, trikoderma, hukua haraka kuliko mamama na hushambulia hata utando wenyewe. Kila awamu umekuwa ukirithisha ugonjwa, ndiyo maana hesabu inashuka kama ngazi. Mifuko 400 ya mbegu hiyo itakupa ukungu mara nne.

Kwa hiyo toa mifuko yote yenye kijani leo, bila kuifungua bandani, ukaifukie mbali. Ile iliyomaliza kuzaa ikiwa safi, imwage kwenye shimo la mboji, baadaye ipeleke kwenye migomba kihambani, yaani shambani hapo nyumbani. Usiirundike ukutani mwa banda, nimeliona hilo mara nyingi mno. Osha banda, pulizia chokaa, liache tupu wiki mbili.

Halafu nunua mbegu mpya: iwe nyeupe tupu, isiyo na harufu ya uchachu. Mfuko wa kilo mbili unataka gramu 80 hadi 100. Huko kwenu baridi ya Julai hupunguza mwendo wa utando, na kila siku utando unapochelewa kuenea mfuko mzima, ukungu unapata nafasi. Kubania mbegu msimu huo ni hasara.

Hujaniambia unachemshaje malighafi ya kujaza mifuko. Kwenye pipa, anza kuhesabu saa pale mvuke unapotoka kwa nguvu, siyo pale ulipowasha kuni. Saa tatu hadi nne. Unyevu upime kwa kukamua konzi moja ya malighafi hiyo: yakitoka matone mawili matatu, sawa. Maji yakitiririka, anika kwanza.

Kuhusu malighafi, majani makavu ya migomba ni mazuri, ila ng'ombe wa ndani na matandazo ya kihamba pia yanayataka, na ukikua utagombana na jirani. Jaribu kuchanganya na mabua ya mpunga kutoka Mabogini, au maganda ya kahawa msimu wa kumenya. Maganda ya kahawa ng'ombe hawayapendi sana, uyoga unayakubali. Lakini yawe mapya: yakilala kwenye rundo lenye maji, yanakuja na ukungu wake.

Sasa hizo 400. Kilo 60 kwa mifuko 100 ni mavuno mazuri, kwa hiyo banda lako halina tatizo. Ila ukipanda yote siku moja, karibu nusu ya mavuno inakuja ndani ya wiki moja, na mamama bila friji hunyauka kwa siku moja au mbili. Wateja wako Moshi mjini watanunua kilo tano, zilizobaki utazigawa. Panda mifuko 25 kila wiki. Mzunguko ukishakaa sawa utachuma kama kilo 12 hadi 15 kwa wiki, wiki zote, na hoteli hutaka mtu wa namna hiyo. Ziada ikaushe, kilo 10 mbichi hutoa takriban kilo moja kavu.

Ukipata awamu mbili mfululizo zisizo na kijani, niandikie tena tupige hesabu ya banda la pili.